Mwenye Mlango Ndiye Mhariri

"Nimekopa kaunta bia 38. Bei ni 2,500, kwa hiyo nadaiwa 95,000. Mezani nimekusanya 87,500. Sasa niambie, kaka, hizo bia tatu zimekwenda wapi?"

Aliyekuwa akiuliza ni mhudumu wa baa moja hapa Mtwara mjini, mzaliwa wa Tandahimba. Ilikuwa saa nane usiku na viti vilishapandishwa juu ya meza. Mbele yake zilisimama kamera mbili na taa moja kali iliyowakusanya kumbikumbi wa mtaa mzima. Mimi nilikuwa pembeni nimeshika fimbo ya kipaza sauti, kwa sababu kijana wa sauti alikula pweza mchana na tumbo likamgeuka. Msimu wa korosho ulikuwa umechanganya. Mji ulikuwa na fedha, au walau kelele za fedha.

Nilikuwa nimechukuliwa kwa siku nne na timu iliyotoka Dar es Salaam kutengeneza filamu ya makala kuhusu wanawake na kazi huku Kusini. Kazi yangu ilikuwa uenyeji. Niliwapeleka kwa mwenyekiti wa mtaa, nikatafsiri pale Kimakonde kilipozidi Kiswahili, nikawatafutia wanawake wa kuhojiwa, na zaidi ya mara moja nikawaeleza kwa upole kwamba si kila mwanamke wa Mtwara anacheza sindimba.

Yule dada alizungumza dakika arobaini hivi. Alieleza kwamba anaingia saa nne asubuhi kupiga deki na kupanga kreti, na anatoka akishafunga hesabu. Bia hachukui bure kaunta. Anakopeshwa kila chupa, na jioni nzima yeye ndiye mdaiwa. Mteja akiondoka kupitia chooni bila kulipa, bili ni yake. Chupa ikipasuka, yake. Chupa tupu zikipungua kwenye kreti, anazilipa. Likibaki pengo, linaitwa shoti, na shoti inaandikwa kwenye daftari lenye jalada gumu ambalo hakuna mhudumu anayeruhusiwa kulishika. Mwisho wa mwezi daftari ndilo linalosema mshahara umebaki kiasi gani. Alieleza hayo kwa vidole, kwa sauti kavu, kama mhasibu, na alipomaliza alijilaza kwenye kiti akatuangalia sisi wasomi kuona kama tumeelewa.

Hapo mwongozaji akauliza, "Na mtoto wako saa hizi yuko na nani?"

Akanyamaza. Akafuta jicho kwa kanga.

Filamu ilipotoka, sehemu yake ilikuwa dakika mbili. Kanga na jicho vipo, tena vimesogezwa karibu, na kinanda kinalia taratibu nyuma. Bia 38 hazimo. Daftari halimo. Nilipomwonyesha kwenye simu aliiangalia mara mbili, akasema, "Mbona wameniacha nalia tu? Nilisema vitu vya maana."

Kwa muda mrefu nililichukulia hili kuwa ni kosa la ladha. Nilidhani watu wa filamu wanapenda machozi kama watoto wanavyopenda sukari, basi. Siku hizi sidhani hivyo, kwa sababu nimekumbuka jambo lililotokea muda wa saa tatu kabla ya mahojiano yale, ambalo wakati ule lilinipita.

Mwenye baa alikuja kutusalimia. Alikuwa mtu mkarimu, alituletea soda baridi na karanga. Akasema tupige picha zozote tunazotaka, jikoni, kaunta, hata chumba cha kubadilishia nguo. Akaongeza, kama mtu anayekumbushia kufunga geti, kwamba mambo ya mishahara ni mambo ya ndani. Mwongozaji akakubali kwa kichwa. Mimi nikacheka kidogo ili mambo yaende. Miezi kadhaa baadaye nilipouliza kwa nini ile hesabu imekatwa, nilijibiwa kwa uaminifu: tulimwahidi mwenye baa.

Kazi za kuhudumia watu karibu zote hufanyika ndani ya mali ya mtu mwingine. Baa ina mwenyewe, gesti ina mwenyewe, nyumba anayopika na kufua dada wa kazi ina mwenyewe. Anayetaka kuingia na kamera hana budi kubisha hodi kwa huyo mwenyewe, na huyo ndiye mtu mmoja asiyependa hesabu itoke nje. Kwa hiyo kabla mhariri hajakaa kwenye kompyuta yake kule Dar es Salaam, filamu imeshahaririwa mlangoni. Yatakayobaki ni yale yasiyomhusu mwenye mlango: mtoto aliyeachwa kwa bibi, baba aliyekimbia, ndoto ya kufungua saluni. Yote ni kweli. Ila ukiyaweka peke yake, mtazamaji anaondoka akiamini kwamba dada huyu ana shida ya maisha, wakati alichokuwa akikieleza kwa dakika arobaini ni shida ya ajira.

Ukilitazama jambo kwa njia hii utaelewa pia kwa nini filamu zetu za wanawake na kazi zimejaa mama lishe. Mama lishe yuko nje. Ukishuka soko la samaki la Feri asubuhi boti zikirudi, hakuna wa kuombwa ruhusa isipokuwa yeye mwenyewe na labda mtu wa ushuru. Ukisimama Mnazi Mmoja, pale barabara ya Masasi inapoachana na ile ya Lindi na Mtwara, akina mama wanaokimbilia madirisha ya mabasi na korosho za kukaanga watakupa picha nzuri kuliko uliyoomba: jua, vumbi, mikono juu, rangi za kanga. Vyakula vyetu navyo vinapendeza kwenye kamera, maana ming'oko, ile mizizi ya porini, ikikutana na mpigapicha mgeni, wote wawili huwa na uso wa mshangao. Matokeo yake ni kwamba tunamjua sana mwanamke asiye na bosi, na mwenye bosi tunamjua kwa jicho lake tu.

Na hata huyo mama lishe hesabu yake hukatwa, ingawa hapo hakuna bosi wa kulindwa. Hapa ninalaumu mtindo. Mashirika yanapolipia filamu fupi ya kuonyesha mradi umefaulu, utaratibu unajulikana: droni juu ya Mikindani, mama anawasha moto kungali giza, sauti nzito inasema yeye ni mpambanaji, mwisho anatabasamu na kushukuru. Niliwahi kuona moja ambayo msimulizi anahitimisha kwa methali ya mgaagaa na upwa, kwamba hali wali mkavu, huku kwenye picha mama wa watu anatembea ufukweni na sinia la sahani kichwani. Nilicheka peke yangu. Anayegaagaa na upwa pale ni mvuvi, na huo wali anaupika huyo mama, tena kwa mkopo. Ungemuuliza mchele kilo ngapi, mkaa wa shilingi ngapi, marejesho ni Jumatatu au Ijumaa, na kwa nini watu wameuita mkopo wenyewe kausha damu, ungepata filamu nyingine kabisa.

Nikiyasema haya kwa watu wa filamu hujibiwa kwamba namba zinachosha, mtazamaji atabadilisha chaneli. Hilo linaweza kuwa kweli mahali pengine. Aliyewahi kukaa Newala au Tandahimba mwezi wa kumi siku ya mnada wa korosho amewaona wazee na vijana wamezunguka redio au simu, pumzi zimebanwa, wakisikiliza bei ya juu, bei ya chini, tani ngapi, ghala gani. Mtoto wa darasa la tano huku anajua kwamba mwaka 2018 Serikali ilisema itanunua kwa 3,300 kwa kilo, na bibi yake anaweza kukueleza yaliyofuata mpaka jua lizame. Watu hawa hawachoshwi na namba. Wanachoshwa na kutoambiwa namba.

Na namba zipo, tena za sheria. Amri ya mishahara ya sekta binafsi ya mwaka 2022, iliyotumika kuanzia Januari 2023 hadi mwisho wa 2025, iliweka kima cha chini cha shilingi 150,000 kwa mwezi kwa anayefanya kazi kwenye mgahawa, gesti au baa. Kwa mfanyakazi wa ndani anayelala nyumbani kwa mwajiri iliweka 60,000. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inasema saa 45 kwa wiki, zisizozidi tisa kwa siku za kawaida, na nyongeza ya asilimia tano kwa kila saa ya kazi ya usiku, ambao kisheria huanza saa mbili. Weka maandishi hayo chini ya picha ya dada wa saa nne asubuhi hadi saa nane usiku, usiongeze neno. Mtazamaji wa Lindi ambaye naye ana binti wa kazi jikoni atajikuna kichwa mwenyewe. Pengine ndiyo sababu nyingine ya namba kuachwa: wengi wetu tunaotazama na kuandika sisi nao ni wenye milango. Posho yangu ya siku nne zile ilizidi mshahara wa mwezi wa yule dada. Niliipokea, nikasaini, na hilo halikuwemo kwenye filamu wala sikulitaja kwa mtu hadi leo.

Ugonjwa huu hatukuuanza sisi. Mwaka 2004 Hubert Sauper, mwongozaji wa Austria, alitoa Darwin's Nightmare, filamu aliyoipiga Mwanza kuhusu sangara, viwanda vya minofu na ndege za mizigo zinazoondoka na samaki kwenda Ulaya. Ndani yake kuna mwanamke wa baa aliyekuwa akikaa na marubani, akiimba wimbo wa kuipenda Tanzania huku wao wakicheka, na ambaye aliuawa na mteja kabla filamu haijakamilika. Mwaka 2006 Rais Kikwete aliilaani hadharani, na nchi nzima ikaingia kwenye ubishi: mapanki, yaani mabaki ya sangara aliyetolewa minofu, yanaliwa na watu au hayaliwi, ndege zinaleta silaha au hazileti. Nilifuatilia ubishi ule gazeti kwa gazeti. Waliosema filamu imeichafua nchi na waliosema imesema kweli walikuwa na jambo moja la kufanana. Hakuna aliyeuliza yule mwanamke alikuwa akifanya kazi kwa nani, kwa malipo gani, na nani alipaswa kuhakikisha anafika nyumbani salama. Kwa mtengenezaji alikuwa ushahidi wa ubaya wa biashara ya dunia, kwa wanaompinga alikuwa aibu ya taifa. Aliimba na akafa, na pande zote mbili zikamtumia.

Upande wa pili ipo kazi ya Mtanzania mwenzetu ambayo inanisumbua kwa uzuri wake. Mwaka 1992 Flora M'mbugu-Schelling alitengeneza These Hands, dakika 45 za wanawake wanaogonga kokoto kwenye machimbo ya Kunduchi, nje kidogo ya jiji la Dar es Salaam. Ni wakimbizi wa vita vya Msumbiji, na lugha zinazosikika ni Kimakonde na Kiswahili, kwa hiyo mtu wa Newala atayashika maneno mengi bila kusubiri maandishi ya chini. Msimulizi hamna. Hakuna anayekuambia hawa ni majasiri wala hawa ni wahanga. Nyundo inapanda, inashuka, jiwe linapasuka, kipande kinageuzwa, nyundo inapanda tena. Kamera haiondoki. Baada ya muda unaanza kuona ufundi: jiwe linashikwa vipi lisiruke, pigo la kupasua na pigo la kupunguza si moja, mtoto anawekwa upande gani. Mwili wako mwenyewe unachoka ukiwa kwenye kiti, na uchovu huo ni taarifa ambayo hakuna mahojiano yangeweza kuitoa.

Wengine huona filamu ile inajivuta. Mimi naona ni miongoni mwa filamu chache zilizomchukulia mwanamke wa kazi ngumu kuwa ni mtu anayejua kitu. Lakini nirudi kwenye mlango. Machimbo yako wazi, juani, kamera inaweza kukaa kutwa. Je, ungepata dakika 45 za aina hiyo kwenye korido ya gesti, mwanamke mmoja akitandika vyumba kumi na vinne kabla ya saa sita? Ufundi upo, tena mwingi. Nimemtazama mmoja akivua foronya kwa mkono mmoja huku wa pili unapapasa chini ya godoro kutafuta kilichosahaulika, kwa sababu mgeni akipiga simu jioni kuulizia chaja au cheni, wa kwanza kuitwa ni yeye. Miaka ya vuguvugu la gesi mji huu ulijaa kamera za kila nchi. Walipiga picha za visima vya gesi vya Mnazi Bay, za bomba la gesi kwenda Dar es Salaam, za moshi na mabomu ya machozi ya 2013 watu walipolipinga bomba hilo. Wahandisi wote wale walilala kwenye mashuka yaliyofuliwa na mtu. Vuguvugu lilipotulia na vyumba vikawa vitupu, waliokosa kazi wa kwanza ni hao wafuaji, na sijaona hata picha moja ya ndoo zao.

London walijaribu kuuvuka mlango huo. Kundi la watengeneza filamu la Berwick Street lilitumia miaka kadhaa kuwafuata wanawake waliokuwa wakisafisha ofisi usiku na kujaribu kujiunga na chama cha wafanyakazi, na filamu yao, Nightcleaners, ikatoka 1975. Wengi wa wanawake hao walichagua usiku kwa sababu mchana walikuwa na watoto, kwa hiyo usingizi ndio waliouuza. Filamu ni ngumu kutazama. Nyuso zinapunguzwa mwendo, na kati ya picha na picha kioo kinakuwa cheusi kabisa kwa muda. Baadhi ya wanaharakati waliotarajia filamu ya kampeni, ya kuonyesha kwenye mkutano na kupata wanachama, walikereka. Nawaelewa. Ila ule weusi mimi nausoma kama ukiri: hapa kuna jambo hatukuweza kuliona.

Jambo lenyewe lilikuwa zabuni. Ofisi haimwajiri msafishaji, inaingia mkataba na kampuni ya usafi, na kampuni inayoshinda ni iliyotaja bei ndogo. Bei ndogo inatoka mahali pamoja tu, mkononi kwa anayeshika fagio. Hatuna haja ya kwenda London kwa hilo. Ingia asubuhi kwenye jengo lolote kubwa la ofisi hapa mjini uwaulize akina mama wenye sare za kampuni wanaopiga deki ngazi bosi wao ni nani. Watakuonyesha msimamizi, ambaye ana mshahara kama wao na nyongeza kidogo. Meneja wa jengo atakuambia hawa si wafanyakazi wake. Mwenye kampuni yuko mji mwingine. Mwenye baa angalau alikuja akatuletea soda. Huyu wa zabuni hana hata uso wa kupigwa picha, na mtengeneza filamu mvivu akikosa uso wa mlipaji atarudi kwenye uso wa mlipwaji, asogeze kamera, asubiri chozi.

Kuna suala la ridhaa ambalo sitalikalia sana. Tangu Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 ianze kutumika, sura ya mtu si kitu cha kuokota njiani. Timu yetu ilikuwa na fomu, na yule dada aliisaini, saa saba usiku, bosi akiwa kaunta anahesabu noti. Fomu ilitaja haki ya mtengenezaji kutumia picha hizo popote na wakati wowote. Haikutaja kwamba kipande chake cha dakika mbili kingekatwa na watu wasiojulikana, kikazunguka kwenye makundi ya simu kikiwa na maneno ya dharau kuhusu wanawake wa Kusini, na kumfikia mjomba wake Tandahimba, ambaye kwetu sisi watu wa ukoo wa mama si mtu wa kupuuzwa. Mjomba aliambiwa siku zote kwamba binti yuko Mtwara dukani.

Nilikutana na yule dada tena mwaka huu. Yuko baa nyingine, ya karibu na stendi, na anasema hii ina nafuu, daftari wanaliona wote. Akanionyesha kwenye simu yake video alizozipiga mwenyewe kule kwa bosi wa zamani, alipoanza kushuku kwamba shoti nyingine si za wateja. Zipo nyingi, kila moja ya usiku wake, nyingine za dakika moja, nyingine hazifiki. Picha inatikisika, mwanga ni wa tyubu inayokaribia kuungua. Kreti zimepangwa ukutani, kidole chake kinapita juu ya midomo ya chupa, na sauti yake inahesabu: kumi na tisa, ishirini, ishirini na moja, hii imepasuka shingo nimeikuta hivi, ishirini na mbili. Kisha kamera inageukia saa ya ukutani ili muda uonekane, inarudi kwenye kreti ya pili, inaanza upya, moja, mbili, tatu. Katika ile ya mwisho amefika thelathini na nne unaposikika mlango ukifunguliwa nyuma yake na sauti ya mwanaume ikiuliza anafanya nini. Hajibu. Anaendelea, thelathini na tano, thelathini na sita, mpaka kiganja kinapofunika kioo.